Kurekodi na Kuhariri Filamu ya Makala Vijijini Dodoma: Mwongozo Kamili

Mwaka wangu wa tatu katika kazi hii nilificha uso wa mama mmoja wa wilayani Bahi, nikaiacha kanga yake.

Alikuwa amenisimulia jinsi shemeji zake walivyochukua shamba baada ya mumewe kufariki. Nilimrekodi akiwa ameipa kamera kisogo, palipoonekana shavu nikapatia ukungu, jina nikalibadilisha. Nilijiona nimemaliza. Filamu ikaonyeshwa kwenye televisheni, watu wakaitazama katika kibanda umiza pale senta, na kabla haijafika nusu kijiji kizima kilishamjua, kwa sababu kanga ile ya maua mekundu ndiyo aliyokuwa akijifunga kila Jumapili kwenda kanisani. Nilipomrudia hakunigombeza. Alinipa kigoda, akaniambia, "Mwanangu, uso uliuficha, kanga ukaiacha." Shemeji zake walikuwa hawamsemeshi tena, na kesi ya shamba waliyokaribia kupatana nje ya baraza ikaanza upya.

Tangu hapo naomba ridhaa mara tatu: kabla kamera haijatoka kwenye begi, baada ya mtu kumaliza kusema, na filamu ikishahaririwa. Mwongozo huu wote umesimama juu ya desturi hiyo. Nauandika kwa mtu anayerekodi na kuhariri mwenyewe, au akiwa na wenzake wawili watatu, katika vijiji vya Dodoma, ingawa wa Singida naye hatakosa cha kuchukua.

Hatua ya kwanza: siku tatu bila kamera

Anza na swali. "Shida ya maji Dodoma" ni mada, tena imerekodiwa mara nyingi hadi wenyeji wanajua utawaomba wasimame wapi na ndoo. Swali linafanana na hili: mama anaamka saa kumi alfajiri kwenda kuchimba maji kwenye mchanga wa korongo, maji yakifika nyumbani, nani anapanga yatumike vipi? Hapo kuna watu, kuna uamuzi unaofanyika kila siku, na kuna kitu kinachoweza kubadilika kamera ikiwa inatazama.

Ukishapata swali, nenda ukae kijijini siku tatu kamera ikiwa imefungwa. Kaa kwenye kilinge cha wazee, nenda kisimani, kula mlenda na ugali wa uwele unapokaribishwa. Jifunze salamu ya Kigogo, "Mbukwenyi", uitoe kabla ya shikamoo. Utaona uso wa bibi unavyofunguka. Ukienda Kondoa au Chemba mambo ni mengine, kwani huko utakutana na Warangi na Wasandawe, na Kisandawe chenye sauti zake za kidoko hutakiokota kwa siku tatu. Tafuta mwenyeji mapema.

Siku hizo pia ni za kupanga kalenda. Dodoma ina msimu mmoja wa mvua, kwa kawaida Desemba hadi Aprili. Ukitaka maji ya mchangani, njoo kati ya Agosti na Novemba. Ukitaka zabibu, wakulima wa Hombolo, Mpunguzi na Makutupora huvuna mara mbili kwa mwaka, kuzunguka Februari na Machi, kisha Agosti na Septemba. Watu wakiwa kwenye kulima au kupanda, usiwaombe mahojiano ya saa mbili. Mvua ya hapa ni chache na kila siku ya jembe ina thamani.

Wasikilize wazee hata kama filamu yako ni ya mambo ya leo. Ukimuuliza mzee wa Kigogo kuhusu ukame huenda akaanzia kwenye njaa ya Mtunya, ile ya mwaka 1917 hadi 1920, aliyosimuliwa na bibi yake. Ukimuuliza mzee wa Kondoa kuhusu udongo ataanzia mradi wa HADO, Hifadhi Ardhi Dodoma, ulioanza 1973, na mwaka 1979 mifugo ilipoondolewa kwenye eneo lililomomonyoka. Usimkatize ukimwambia "turudi kwenye mada". Mara nyingi hiyo ndiyo mada.

Vibali

Filamu nchini husimamiwa na Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza Namba 4 ya 1976, na kibali cha kurekodi hutolewa na Bodi ya Filamu Tanzania. Kipate kwanza. Kisha barua zishuke ngazi kwa ngazi: mkoa, wilaya na halmashauri, kata, kijiji. Kila unapofika acha nakala moja, nyingine igongwe mhuri ubaki nayo. Usiruke ngazi kwa sababu eti unamfahamu mtu juu. Mtendaji wa kijiji ndiye atakayeulizwa wewe ni nani ukishaondoka, na anastahili kuwa na karatasi mkononi.

Droni inahitaji kibali chake kutoka Mamlaka ya Usafiri wa Anga. Dodoma ni makao makuu: kuna Bunge, kuna Mji wa Serikali pale Mtumba, kuna Ikulu ya Chamwino, kuna uwanja wa ndege katikati ya mji. Mimi droni huiacha nyumbani, hata ninapokuwa na ruhusa. Inakionyesha kijiji kama ramani, na hakuna mwanakijiji aliyewahi kukiona kijiji chake hivyo.

Ifahamu pia Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika Mei 2023. Uso wa mtu, sauti yake, habari za afya yake, vyote ni taarifa binafsi, na wewe uliyevibeba kwenye diski una wajibu navyo.

Ridhaa ya kwanza, na suala la pesa

Fomu ndefu yenye lugha ya kisheria inamlinda mwenye kamera. Uwe nayo, lakini kazi ya kweli ifanyike kwa mdomo, kwa lugha ya nyumbani kwa mtu, na majibu yarekodiwe. Mimi huuliza maswali manne, kila moja peke yake. Je, filamu hii ionyeshwe hapa kijijini? Ionyeshwe kwenye televisheni? Iwekwe mtandaoni, ambako mjukuu wako aliye Dar es Salaam ataiona kwenye simu, na adui yako pia? Ipelekwe kwa viongozi na mashirika? Wengi wanakubali mawili na kukataa mawili. Kama umeuliza swali moja tu la jumla, hutayajua hayo.

Mtoto anahitaji ridhaa ya mzazi au mlezi na yeye mwenyewe akubali. Mtoto akijificha nyuma ya gauni la mama yake ameshajibu.

Sasa pesa. Utaulizwa siku ya kwanza, na usipokuwa na jibu utatoa elfu tano hapa, elfu kumi pale, na jioni kijiji kitakuwa na makundi mawili. Msimamo wangu ni huu: silipi maneno. Mtu akilipwa aseme, atasema anachodhani unakitaka. Ila muda ninaulipa. Mama aliyekaa nami asubuhi nzima hakuchota maji, kwa hiyo nitalipia maji ya siku hiyo kwa bei ya kijiji, na kiwango hicho kitangazwe hadharani mbele ya mwenyekiti, kiwe sawa kwa kila mmoja. Mkalimani na mpishi ni wafanyakazi wako, uwalipe ujira.

Vifaa, kwa ufupi

Kamera moja unayoijua vizuri inatosha. Lenzi moja ya kuvuta na kusogeza, na moja ya kudumu yenye tundu kubwa kwa ajili ya ndani ya tembe, ambako mwanga huingia kwa mlango tu. Stendi nzito. Betri nne. Kichujio cha kupunguza mwanga, kwani bila hicho jua la Dodoma litakulazimisha kubana tundu la lenzi hadi kila kitu nyuma ya mtu kionekane wazi kama yeye. Hedifoni za kuziba masikio. Maikrofoni ndefu, na mbili ndogo za kubana kwenye nguo.

Kwenye sauti usibane matumizi. Mtazamaji huvumilia picha iliyotikisika. Sauti iliyojaa upepo ataizima. Na upepo wa Dodoma si mchezo, hasa Julai hadi Oktoba. Maikrofoni ivae manyoya yake, siyo sponji peke yake. Ile ndogo ifiche chini ya kitenge, ukibandika kipande cha pamba juu yake. Rekodi sauti kwa kilohezi 48 na biti 24.

Kamera iweke kwenye fremu 25 kwa sekunde na shata (muda wa kupokea mwanga) 1/50 ya sekunde, kwa kuwa umeme wetu ni wa hezi 50 na taa za ndani hazitachezacheza. Vumbi ndilo adui mwingine: usibadilishe lenzi ukiwa nje kwenye upepo, ingia ndani ya gari au nyumba. Mimi hubeba mfuko wa plastiki safi na brashi ya kunyolea ambayo haijawahi kugusa sabuni.

Jua na ngozi zetu

Dodoma iko nyuzi sita kusini mwa ikweta. Mwezi Oktoba, jua la saa sita na nusu mchana huwa utosini kabisa, macho ya mtu yanageuka mashimo mawili meusi. Rekodi kuanzia saa kumi na mbili na nusu hadi saa mbili na nusu asubuhi, kisha saa kumi alasiri hadi jua litue. Katikati ya siku fanya mahojiano ya kivulini, au lala.

Kamera nyingi zikiachwa zijiamulie zenyewe hutazama ukuta mweupe au mbingu na kumgeuza mtu mweusi kuwa kivuli. Weka mwanga kwa mkono. Pima kwenye uso, upande unaopata nuru, na uache anga liungue kidogo kama ni lazima. Bora zaidi, mgeuze mtu ili nyuma yake pawe na kitu cheusi kuliko yeye: mlango wa tembe ulio wazi, shina la mkwaju, ghala la mtama. Ukuta wa udongo mwekundu unairudishia ngozi yetu joto zuri. Ukuta uliopakwa chokaa unaiua. Usimwongezee mtu taa usoni kama unaweza kumsogeza hatua mbili kuelekea mlangoni.

Kurekodi kazi ya mikono: mfano wa shimo la maji

Nichukue mfano mmoja tuuangalie kwa karibu, maana hapa ndipo filamu inapopatikana au inapopotea.

Korongo limekauka. Mama anafika na ndoo mbili, dumu na kata ya kibuyu. Anaondoa miiba aliyoiweka jana kuzuia mbuzi. Anapiga magoti, anaanza kutoa mchanga uliobomoka usiku, na anapofikia mchanga mbichi, mikono inapunguza kasi. Maji hujitokeza yakiwa ya rangi ya chai ya maziwa. Haya ya kwanza anayamwaga. Kisha anangoja. Anachota kata moja, kata mbili, anangoja tena.

Mpigapicha mgeni atarekodi kuchota, kwa kuwa ndiko kwenye mwendo. Lakini kazi yenyewe ni kungoja. Ndoo moja inakula muda mrefu kwa sababu ya kungoja, watoto wanachelewa shule kwa sababu ya kungoja, na habari zote za kijiji husemwa mama akiwa anangoja. Ukikosa picha ya kungoja, umekosa filamu.

Kwa hiyo weka kamera chini, usawa wa macho ya aliyepiga magoti. Usimrekodi mtu aliyeinama ukiwa umesimama juu yake. Picha hiyo inamdharau hata kama wewe humdharau. Anza na picha pana inayoonyesha korongo lote na watu ndani yake. Kisha mikono. Kisha uso wakati mikono inafanya kazi. Kisha anachokiona yeye, kwa kupitia begani kwake: shimo, maji, taswira ya anga ndani ya maji. Kisha kitu kimoja cha pekee, kama ukingo wa kata uliolika kwa kukwaruza mchanga. Kila picha ishike sekunde kumi bila kusogea. Wacha mtu aingie kwenye fremu na atoke mwenyewe. Ukimfuatafuata na kamera hutapata pa kukatia.

Usimwambie arudie. Atachota tena, kwani ndivyo kazi ilivyo. Ngoja ndoo ya pili. Ukimwambia "mama, hebu rudia kidogo", kuanzia hapo anaigiza, na mtu anayeigiza uchovu anaonekana.

Baada ya hapo zima picha, washa kinasa sauti, ukisogeze shimoni. Sauti ya kibuyu kikikwaruza mchanga mbichi, maji yakishuka kwenye ndoo tupu na mlio ukibadilika kadiri inavyojaa: rekodi dakika tano za hiyo peke yake. Kwenye kuhariri itakuokoa mara kumi.

Mahojiano

Mwenyekiti wa kijiji atataka kusimama kando wakati wengine wanahojiwa. Usigombane naye. Mhoji yeye kwanza, ofisini kwake, kwa heshima na kwa muda wa kutosha, uulize maswali ya kweli. Akishasikilizwa atakuwa na kazi nyingine za kufanya, na akina mama watabaki na nafasi yao.

Mkalimani wa kina mama awe mama, na asiwe mtu wa ofisi ya kijiji. Mkubaliane kabla: atafsiri kila sentensi, asifupishe, asirekebishe. Nimeshawahi kumsikia bibi akisema dakika tatu za Kigogo zenye kicheko na machozi, nikatafsiriwa "anasema maji ni shida". Mwache mtu achague lugha. Wazee wengi watakujibu kwa Kiswahili kwa adabu tu, na Kiswahili hicho kitakuwa cha mkutanoni. Kwa Kigogo watakuwa nyumbani.

Mkalishe pale anapokaa siku zote. Maikrofoni umvalishe kwa kumwomba, au mpe ajivalishe. Kabla ya kuanza rekodi dakika moja ya ukimya wa mahali hapo, utaihitaji kuziba mikato. Swali la kwanza liwe la matendo: "Nisimulie siku ya jana, tangu ulipoamka." Usimuulize mtu "unajisikiaje". Mweleze kwamba sauti yako haitasikika, hivyo aanze jibu kwa kutaja jambo lenyewe. Akinyamaza, nyamaza naye. Hesabu moyoni hadi kumi. Maneno mazito niliyowahi kurekodi yalikuja baada ya kimya cha namna hiyo, na mara nyingi nilitamani mno kukivunja.

Akimaliza, ridhaa ya pili. Muulize: "Katika haya uliyosema, kuna usilotaka litoke?" Mtu hajui atasema nini kabla hajasema, ndiyo maana ile ridhaa ya kwanza haitoshi. Akitaja kitu, kiandike palepale mbele yake na saa yake, ili ajue umesikia.

Palipo na hatari, ficha mtu mzima, siyo uso tu. Tuseme anazungumzia ukeketaji, ambao kwa msichana chini ya miaka 18 ni kosa la jinai tangu Sheria ya Makosa ya Kujamiiana ya 1998, na ambao bado unafanyika kwa siri. Au anazungumzia ardhi kama yule mama wa Bahi. Kanga, bangili, kovu, kikohozi, mlango wa nyumba, mbwa anayepita, jinsi anavyotamka jina la mtoto: kijijini vyote hivyo ni vitambulisho. Mrekodi mahali ambapo si kwake, kwa nguo ambayo si yake. Sauti iliyotiwa uzito kwa mashine hutambulika na mwanaye, kwa hiyo maneno yasomwe na mtu mwingine kutoka kijiji kingine, na filamu iseme wazi kwamba imefanyika hivyo. Picha yake ya awali yenye ukungu usiotosha usiiweke hata kwenye diski ya kazi.

Jioni ya kila siku

Kamera ya megabiti 100 kwa sekunde hula gigabaiti 45 kwa saa moja. Saa tatu za kurekodi ni 135. Kila jioni, kabla ya kula, hamishia kadi kwenye diski mbili tofauti. Fungua faili tatu nne utazame kama zinacheza. Kisha ndipo ufute kadi. Diski mbili zisilale kwenye begi moja. Umeme ukikatika ukiwa unahamisha, anza upya faili lililokuwa njiani, usiliamini.

Andika nusu ukurasa: nani, wapi, saa ngapi, aliruhusu nini, alikataa nini. Orodha hiyo ya ridhaa ni sehemu ya filamu sawasawa na picha, na huiweka kwenye folda ileile.

Kuhariri: karatasi kabla ya kompyuta

Ukirudi mjini usikimbilie kukata. Tengeneza nakala nyepesi za picha ili kompyuta mpakato isikwame. Programu ya kuhariri ya DaVinci Resolve katika toleo lake la bure inatosha kabisa kwa kazi hizi. Kisha andika mahojiano yote, neno kwa neno, kwenye jedwali la safu tatu: saa ya klipu, maneno ya asili, Kiswahili. Tafuta mzungumzaji wa Kigogo ambaye hakuwepo siku ya kurekodi aipitie tafsiri. Saa moja ya mahojiano itakula siku nzima ya kazi. Hakuna njia ya mkato, na ukiitafuta utaikuta ndani ya filamu.

Baada ya hapo mimi hukata karatasi. Kila tukio kadi moja, kila kauli nzito kadi moja, nazitandaza sakafuni, nazungukazunguka siku mbili. Unachotafuta ni mfuatano ambamo kila kadi inaleta haja ya inayofuata. Mama anangoja maji. Kwa hiyo tunataka kujua yanakwenda wapi. Kwa hiyo tunamfuata nyumbani. Kwa hiyo tunaona nani anaoga kwanza. Kadi mbili zikikaa pamoja kwa neno "halafu" tu, mojawapo haina kazi.

Mkusanyo wa kwanza utakuwa wa saa mbili na utakukatisha tamaa. Ni kawaida. Uache wiki moja. Ukirudi, ondoa kwanza kila kinachoeleza jambo ambalo picha imeshaonyesha, halafu ondoa sauti yako ya msimulizi kadiri unavyoweza. Nilianza na mkusanyo wa saa mbili kwenye ile filamu ya korongo nikaishia dakika 26, na zaidi ya dakika moja katika hizo ni mama anangoja bila neno.

Kuna mambo sifanyi kwenye meza ya kuhariri, nayasema kwa uwazi. Sichukui jibu la swali hili nikalibandika kwenye lile. Siweki uso wa mtu akitikisa kichwa kama anamjibu mwenzake ikiwa alikuwa anamjibu mtoto wake saa nzima baadaye. Na sichanganyi misimu. Katika jambo hili la mwisho Dodoma yenyewe ni shahidi: mbuyu huwa na majani wakati wa mvua, kiangazi hubaki matawi matupu. Mhariri wa mbali ataweka mbuyu wenye majani kwenye tukio la Oktoba kwa kuwa picha ni nzuri, na kila Mgogo atakayeiona atajua hapo hapo kwamba amedanganywa. Akishadanganywa kwenye mbuyu, kwa nini akuamini kwenye maji?

Muziki: usiwamwagie watu kinanda cha huzuni. Kama filamu inahitaji muziki, uko katika nchi ya zeze na marimba, nchi aliyotoka mwanamuziki Hukwe Zawose, na wanawake wake ndio wapigaji wa ngoma za muheme. Rekodi wapigaji wa palepale, andikiana nao mkataba, walipe, majina yao yatoke mwishoni kwa tahajia wanayoitaka wao. Mara nyingi, hata hivyo, kibuyu kwenye mchanga kinatosha.

Manukuu, yaani maandishi ya tafsiri chini ya picha, yawe mistari miwili kwa wakati mmoja, kila mstari usizidi herufi 40 hivi, na yakae si chini ya sekunde mbili. Kiswahili kina maneno marefu, hivyo utalazimika kufupisha. Fupisha maelezo, usifupishe heshima. Kama bibi amesema "mwanangu", neno hilo libaki.

Rangi zifanye mwishoni, uanze na ngozi, vumbi lifuate. Sauti ya televisheni isawazishe kwenye -23 LUFS, kiwango cha ukubwa wa sauti kilichowekwa na Umoja wa Watangazaji wa Ulaya, na umsikilize kila mzungumzaji kwenye spika mbovu ya simu kabla hujasema imekwisha.

Kuirudisha nyumbani

Hii ndiyo ridhaa ya tatu, na iwe kabla ya mtu mwingine yeyote kuiona filamu. Mwaka 1967, kisiwani Fogo nchini Kanada, watengenezaji wa Bodi ya Taifa ya Filamu waliwaonyesha wavuvi picha zao kwanza na kuwapa haki ya kuondoa wasichokipenda, kabla hazijapelekwa kwa viongozi. Sijapata njia bora kuliko hiyo.

Nenda na kompyuta mpakato na hedifoni. Kaa na kila mhusika mkuu peke yake, ndani kwake, aitazame yote. Muulize tena maswali yaleyale manne. Akisema ondoa, ondoa, hata kama ni ile sentensi uliyojengea filamu nzima. Nimeondoa mara tatu hadi sasa. Mara mbili filamu ilikuwa bora, mara moja ilidhoofika, na iko hivyo hadi leo.

Kisha onyesho la kijiji. Chagua Juni au Julai, mavuno yakiwa nyumbani na watu wana nafasi. Shuka jeupe lililonyooshwa kati ya miti miwili, projekta, spika mbili, jenereta iwekwe mbali, kama mita 50, nyuma ya nyumba ili mngurumo usimeze sauti. Anza saa moja na nusu usiku, giza likiwa limekamilika. Watoto watakaa mbele. Acha kinasa sauti kikirekodi mazungumzo ya baadaye, kwa ruhusa yao, maana hapo kijiji kinajihoji chenyewe vizuri kuliko ulivyowahoji wewe. Baada ya kijiji ndipo halmashauri, televisheni, matamasha na mtandao, kila mahali kwa kadiri watu walivyokubali.

Acha nakala kwenye flashi tatu: moja kwa mhusika mkuu, moja shuleni, moja ofisi ya kijiji. Acha na namba yako ya simu, iandikwe kwa mkono kwenye daftari la mtendaji. Mtu akikupigia hata baada ya miaka miwili kwamba hali yake imebadilika, ameolewa kwingine, ana kesi, hataki tena kuonekana, ishushe filamu mtandaoni siku hiyohiyo, uihariri, uirudishe bila yeye. Kwa sababu hiyo usifute mradi kwenye diski baada ya kumaliza. Mama wa Bahi aliniomba jambo moja tu, nami niliweza kulitimiza kwa kuwa mradi ulikuwepo: nilikata dakika zake nne na nusu, nikawaandikia kituo wasirudie nakala ya zamani, nikampelekea hiyo mpya aione mwenyewe. Aliitazama hadi mwisho, akaniuliza kama nimekula.